Kilima cha Kituluni Kilimpa Umaarufu, Kisha Babake Akaja na Mpira wa Fundi

Kama huwa unalala ukipitia video kwenye simu, kuna uwezekano mkubwa umeshamwona. Ni yule jamaa wa kofia ya njano anayesimama katikati ya barabara, anamwaga maji ya chupa kwenye lami, halafu anapiga mayowe, "Yaangalieni! Yanapanda! Yanapanda, jamani!" Jina lake liachwe. Mjini anajulikana, kwao anajulikana zaidi, na yaliyompata yeye na babake si mambo ya kubandikia mtu jina.

Mahali penyewe ni kilima cha Kituluni, kilomita 12 hivi mashariki mwa mji wa Machakos, Kenya. Wengi wanapaita Kyamwilu. Kutoka Nairobi unashika barabara ya Mombasa, unakata kushoto pale makutano ya Kyumvi, unapita mjini Machakos na kuendelea mbele. Ukifika sehemu yenyewe huhitaji kibao. Utaona vijana wamekaa kando ya barabara na jerikani ya maji, wanakusubiri wewe.

Unasimamisha gari, unatoa gia, unaachia breki. Macho yanakuambia mbele yako kuna mwinuko, na akili inajiandaa gari lirudi nyuma. Kumbe linaanza kwenda mbele. Linapanda. Mwanzo polepole, kama linasukumwa na watoto, kisha linashika kasi mpaka unakanyaga breki mwenyewe kwa woga. Maji ukiyamwaga yanafuata njia hiyo hiyo. Wengine husema ni sumaku, wengine husema ni mizimu, na wapo wanaosimulia kuhusu wanaume wawili wa zamani walioishi pande mbili za kilima na mwanamke mmoja kati yao. Hadithi ya mapenzi haikosekani, hata kwenye barabara.

Kabla ya umaarufu, jamaa alikuwa kwenye mjengo. Alimaliza kidato cha nne, karo ya kuendelea ikakosekana, akaanza kumfuata babake, fundi wa Athi River aliyejengea watu nyumba kwa miaka thelathini na moja. Alikoroga saruji, alibeba mawe, na mwili wake ukamwambia wazi kwamba kazi hii hawaelewani. Siku moja walienda Machakos kuchukua mbao na mtu wa lori. Mzee alibaki mjini akijadiliana bei, na dereva, mtu wa utani, akampeleka kijana hadi Kituluni ili apoteze nusu saa. Kijana akatoa simu.

Video ya kwanza ilikuwa chungwa. Aliliweka chini tu, likabiringika kupanda. Kufikia asubuhi walioitazama walikuwa wengi kuliko watu wote aliowahi kukutana nao tangu azaliwe.

Hapo ndipo alipofanya lile jambo lililomletea pesa na baadaye likamkosesha usingizi. Video za Kituluni zilikuwepo kabla yake, tele, na zote zilisema tu kwamba ni ajabu. Yeye akaipa ajabu hiyo jina la kisayansi. Akaiita Mwendo Kinyume.

Kwa maelezo yake, chini ya kilima kuna mwamba unaosukuma vitu juu badala ya kuviachia chini, na nguvu hiyo inazidi saa nane mchana na kupungua mvua ikinyesha. Alichora mishale. Alivaa miwani ya dadake. Aliweka na asilimia, ati Mwendo Kinyume ni asilimia kadhaa ya mvutano wa dunia, na kila video asilimia ilikuwa nyingine. Mwalimu mmoja wa fizikia alimwandikia kwa upole akimuuliza ametumia kifaa gani. Hakujibiwa. Basi zikaja fulana zenye mshale unaoelekea juu, ikaja kampuni ya vinywaji iliyotaka chupa yake ionekane ikimwaga yale maji, na nyumbani Athi River dawa za presha za mama zikawa hazikosekani tena. Hilo la mwisho lisisahaulike, maana ni rahisi kumcheka mtu ukiwa hujui pesa yake inaenda wapi.

Kisha binamu yake anayefanya kazi Salalah, kule Oman, akamtumia video. Alikuwa kwenye gari na waajiri wake wakielekea Mirbat, wakasimama mahali fulani penye mteremko, gari likaanza kupanda lenyewe. Jamaa alifurahi sana. Akachukua ramani, akachora mstari mwekundu kutoka Machakos, ukapita chini ya bahari, ukatokea Oman. Ati Mwendo Kinyume una mkondo wake! Ile video ilimpa wafuasi kuliko chungwa.

Mstari haukuishi wiki mbili. Mtu wa Canada akamwandikia kwamba huko Moncton, New Brunswick, kuna Magnetic Hill ambayo watu wanailipia kuiona tangu enzi za mababu. Mwingine akataja Ladakh, India, karibu na mji wa Leh. Mwingine akasema Scotland, Ayrshire, barabara ya A719, panaitwa Electric Brae. Ule mstari sasa ungezunguka dunia nzima kama uzi wa mtoto anayejifunza kushona.

Usiku huo jamaa akajifunika blanketi na simu, akaanza kusoma.

Alichokuta kuhusu Electric Brae ni kwamba hata jina lake ni kosa la zamani. Watu walidhani ni umeme unaovuta magari. Siku hizi pana jiwe kando ya barabara limeandikwa ukweli wote. Kona iliyo upande wa magharibi iko futi 286 juu ya usawa wa bahari, na kule kwenye bonde la miti upande wa mashariki ni futi 303. Maana yake barabara inapanda kutoka kona hadi bondeni, kwa kiasi cha 1 kwa 86. Ukisimama pale unaona inashuka. Gari linalorudi kuelekea kona linaonekana linapanda kilima, kumbe linateremka kama gari lolote lisilo na breki.

Akakuta pia kwamba mwaka 2003 Paola Bressan na wenzake wa Italia walichapisha utafiti juu ya vilima vya namna hii. Walitengeneza vielelezo vidogo vya barabara mezani, vipande kadhaa vilivyoinamishwa tofauti tofauti, wakawaonyesha watu. Ajabu ile ile ikatokea hapo mezani, bila mwamba, bila sumaku, bila mizimu.

Sababu yenyewe ukiielewa inakera kwa jinsi ilivyo ndogo. Jicho halina pima maji. Likitaka kujua kama mahali pamelala sawa, linaangalia upeo wa macho, pale mbingu na ardhi vinapokutana. Upeo ukifichwa na milima, jicho linaazima vitu vilivyo karibu: miti, kingo za barabara, mteremko unaofuata. Sasa chukua barabara inayoshuka sana, halafu ikaanza kushuka kidogo. Hicho kipande kinachoshuka kidogo, kikiwa jirani na kile kinachoshuka sana, jicho linakisoma kama mwinuko. Basi. Maji yanateremka, wewe unayaona yanapanda. Na sumaku haiwezi kuhusika, kwa kuwa chungwa si chuma.

Alisoma yote hayo, akayaelewa, akazima simu. Kesho yake akapakia video nyingine ya Mwendo Kinyume.

Mzee wake hakuwa na habari ya lolote. Simu yake ni mulika mwizi, kazi yake kupiga, kupokea na kumulika. Alijua tu kwamba kijana anapata riziki "kwa mambo ya picha" na hakuuliza sana, kwa sababu mgongo wake ulikuwa umeanza kumsumbua na nyumba ilikuwa inakula. Jumapili moja baada ya kanisa, binti yake mdogo akamwekea simu mkononi. "Baba, hebu ona huyu wako."

Mzee akaitazama mara tatu. Hakucheka. Kijana aliporudi jioni akamkuta kwenye kiti cha nje.

"Hapo ulipima?"

"Kupima nini, Baba? Si unaona?"

"Nimekuuliza, ulipima?"

Aliyewahi kufanya kazi na fundi wa aina hii ataelewa kwa nini kijana aliangalia chini. Kwa huyu mzee, neno "naona" likitamkwa kwenye mjengo ni kama tusi. Vijana wake wa kazi walikuwa wakisema "naona iko sawa," anawatuma walete mpira. Si mpira wa kuchezwa. Ni ule mpira mwembamba wa maji, mweupe wa kuonyesha ndani, mita ishirini hivi, ambao mafundi huutumia kupima usawa. Unaujaza maji, unatoa mapovu yote kwa kuupiga piga na kidole, mtu mmoja anashika mwisho huu na mwingine mwisho ule. Maji ya upande huu na ya upande ule lazima yasimame kimo kimoja, hata kama kati yenu kuna nyumba, kona na lundo la mchanga. Kisha kila mtu anapima kutoka kwenye maji hadi ardhini. Mwenye kipimo kirefu ndiye aliye chini. Kijana alikuwa ameshika mwisho wa pili wa mpira ule tangu darasa la tano. Hiyo ilikuwa kazi yake ya kwanza duniani, kushika mpira na kutotikisika.

"Jumanne tunaenda," mzee akasema. "Nitabeba mpira."

Jumanne wakaenda. Kijana alikuwa na mpango wake. Alisimamisha simu juu ya vile vigongo vya miguu mitatu, akaiwasha, akijiambia kwamba mzee akishtuka itakuwa video ya kuvunja rekodi. Alimwaga maji. Mzee akayatazama yakipanda. Akasimama kimya muda mrefu, mikono nyuma. Akaenda mbele akageuka, akatazama kutoka upande ule. Akapiga goti moja, akaweka shavu karibu na lami kama anasikiliza. Mmoja wa wale vijana wa jerikani akamwambia, "Mzee, hii ni mambo ya Mungu." Mzee akajibu, "Mungu ndiye aliyeyaumba maji, na ya kwake yanateremka."

Wakaufungua mpira. Mzee akabaki upande ambao macho yanasema ni chini, kijana akaenda upande ambao macho yanasema ni juu. Wakangoja maji yatulie. Magari mawili yakapita yakipiga honi. Mzee akaweka futi yake ya chuma, akasoma. Kijana akasoma yake. Ya kijana ilikuwa ndefu zaidi, na si kwa kidogo, ilizidi upana wa kiganja.

"Badilisha," mzee akasema. "Njoo huku, mimi niende huko. Pengine umeshika vibaya."

Wakabadilishana. Ikawa vile vile. Mzee akatoa mapovu upya, wakapima mara ya tatu, wakasogea mbele kidogo wakapima ya nne. Kila mara ule upande unaoonekana juu ndio uliokuwa chini. Maji ya chupa, chungwa na magari yote yalikuwa yanafanya kazi yao ya kila siku.

Hapo mtu angetarajia mzee aanze kumtolea kijana maneno. Hakufanya hivyo. Alikaa kwenye ukingo wa barabara na ule mpira magotini, akaomba jerikani, akamwaga maji kidogo yeye mwenyewe. Akayafuata kwa macho.

"Nimepima mara nne," akasema, "na bado ninayaona yanapanda."

Kwenye video sauti yake inasikika ikiwa chini sana pale, na wengi walioitazama baadaye walidhani anashangaa kama mtalii. Alikuwa ameogopa. Ukweli anao mkononi, kwa inchi, na jicho limekataa. Miaka thelathini na moja ya ufundi haikulisaidia hilo jicho hata kidogo.

Njiani hakusema kitu. Walipofika mjini Machakos wakaingia hotelini, wakaagiza chai na chapati. Chapati ikaja, ikapoa. Mzee akasema:

"Ile siku ya kwa mjomba wako sikuwa na mpira."

Kijana alijua ile hadithi kama kila mtu nyumbani alivyoijua, yaani kwa kutoizungumzia. Miaka kumi na tisa nyuma, mjomba, kaka yake mama wa kumfuata, alikuwa anajenga upande wa vilima vya Mua. Akampa kazi shemeji yake. Nyumba ikaisha vizuri. Uliobaki ulikuwa mfereji wa maji machafu kutoka jikoni hadi shimoni, na uwanja wenyewe uko kwenye mteremko mkali, jirani ana ukuta unaofuata kilima. Mzee akalaza mabomba, akafukia. Siku mama mkwe alipokuja kuombea nyumba, wanawake wakaosha vyombo vya watu hamsini, na maji yote yakarudi jikoni. Mbele ya wageni. Mjomba akasema bomba limelazwa kinyume. Mzee akasema kuna mtu ameziba bomba kwa wivu. Mjomba akakatalia malipo yaliyobaki. Mzee akaapa hatakanyaga kule tena, na kweli hakukanyaga. Harusi, mazishi, ruracio za wapwa, zote akatuma mkewe peke yake, na mama akawa anazungumza na kaka yake kwenye simu akiwa nje ya nyumba yake mwenyewe, nyuma ya tangi la maji.

"Mpira nilikuwa nimeuacha kwa kazi ya Kitengela," mzee akaendelea. "Nikaangalia. Nilikuwa nimeshajenga miaka kumi na mbili. Niliona mfereji unashuka, kijana yangu. Nilikuwa naona kabisa kama nilivyoona leo."

"Lakini Baba, huenda kweli liliziba."

"Huenda." Akaikunja chapati bila kuila. "Miaka yote hii nimemwita yule mtu mwizi wa jasho langu. Na sikupima."

Kijana alikuwa na simu mfukoni, ndani yake ile video, na ndani yake mwenyewe usiku ule wa blanketi. Babake anaungama kosa la kutojua, la miaka kumi na tisa. Yeye lake lilikuwa la kujua, la miezi mitano. Alitaka kumwambia hapo hapo. Akasema chai imepoa, waagize nyingine.

Alimwambia usiku, nje, taa ikiwa imezimwa. Alimweleza Electric Brae, wale Waitalia, ule mwamba alioutunga, asilimia alizozitoa kichwani. Mzee alisikiliza. Kisha akauliza kitu kimoja tu: zile dawa za mama, ni hiyo pesa? Kijana akasema ndiyo. Mzee akanyamaza mpaka mbwa wa jirani wakachoka kubweka, akaingia kulala. Kama kuna kipigo kibaya kuliko hicho, jamaa anasema hakijui.

Mama alipoambiwa kwamba Jumamosi wanaenda Mua, aliuliza nani amekufa. Walipomwambia hakuna, akaenda kutafuta leso yake nzuri, na huko chumbani akakaa zaidi ya inavyohitajika kutafuta leso.

Mjomba ni mtu mkubwa sasa, anatembea na mkongojo, ana miti ya matunda hadi mlangoni. Aliliona gari, akamwona shemeji yake akishuka na mpira umezungushwa begani kama kamba ya kuteka maji, akasimama.

"Shemeji," mzee akasema, "nimekuja kupima ule mfereji."

"Mfereji gani?"

"Wa jikoni."

Mjomba akatazama mpira, akamtazama dada yake, akatazama mpira tena. "Huo mfereji niliufukua mwaka ule ule. Fundi mwingine akaulaza upya. Sasa utapima nini?"

Hakuna aliyekuwa amefikiria hilo. Yule mzee alikuwa amejiandaa kwa kutukanwa, kwa kufungiwa lango, hata kwa kuombwa arudishe pesa ya miaka ile. Kukuta hakuna cha kupimwa hakujiandaa nako. Akabaki ameshika mwisho wa mpira.

"Basi nimekuja kusema sikuwa nimepima," akasema.

"Hilo nililijua," mjomba akasema. "Nilikuwa nangoja ulijue wewe." Kisha, kwa kuwa ni mjomba na hawezi kuacha, "Umechelewa, lakini."

Walikula mbuzi. Ile pesa iliyobaki haikutajwa, na mama aliimba akiosha vyombo, kwenye jikoni lile lile, maji yakienda yanakotakiwa kwenda.

Video ya mpira ilipakiwa wiki iliyofuata, yote, mwanzo hadi mwisho, kijana akiwa amekaa mbele akieleza kwamba Mwendo Kinyume aliutunga yeye na hakuna mwamba wowote. Haikupendwa. Wengi walimwambia amewaharibia raha, wengine wakasema amelipwa na serikali ifiche nguvu za kilima. Kampuni ya vinywaji ikaacha kupokea simu zake. Yule mwalimu wa fizikia alimtumia salamu. Fulana zilizobaki, boksi zima, mama anazivaa shambani moja baada ya nyingine. Siku tatu kwa wiki jamaa amerudi kwenye mjengo, na zilizobaki anatengeneza video za mafundi, vitu vya kupima na kulaza mabomba. Watazamaji ni wachache, ila wanauliza maswali ya kweli, na dawa za mama zinanunuliwa, ingawa mwezi mwingine kwa kukopa.

Aliowaogopa zaidi ni wale vijana wa jerikani. Alidhani magari yatakoma na watamtafuta. Magari hayajakoma. Mtu akishaambiwa ni macho tu ndio anataka zaidi kuja kuona macho yake mwenyewe yakimdanganya. "Wewe sema ukweli wako," mmoja wao akamwambia, "sisi tunamwaga maji."

Mjomba naye alipoisikia hiyo hadithi yote hakuridhika mpaka apelekwe. Walimpeleka mwezi wa nane, wazee wawili viti vya nyuma, mpira kwenye buti. Maji yakamwagwa. Mjomba akayafuata na mkongojo wake hatua kwa hatua mpaka yakaisha. Mzee akamweleza kwa utaratibu, akampa ashike mwisho mmoja, akamwonyesha maji yaliposimama huku na kule, akamsomea futi mara mbili. Mjomba akaangalia futi, akaangalia barabara, akaangalia futi.

"Shemeji," akasema, "huu mpira wako ni mbovu."

Mzee akafungua mdomo, akaufunga. Akaanza kutoa mapovu upya.